Kesi ya jinai iko kwa nani? Jinsi ya kulifuata jalada kutoka Mwanzo hadi Rufani

Nilistaafu ukarani wa mahakama, lakini simu yangu haikustaafu. "Mzee shikamoo, kijana wetu kahukumiwa, sasa tumwone nani?" Kabla ya lolote huuliza: una karatasi gani mkononi? Wengi hawana. Wana jina la hakimu, wana fununu kwamba yupo jaji mmoja mkubwa anayeweza kusaidia, na wana nauli ya kwenda kumtafuta. Karatasi ndiyo hawana.

Haya ninayoandika ni ya Tanzania Bara. Zanzibar ina Mahakama Kuu yake na Jaji Mkuu wake, na kwa kesi za jinai inakutana na Bara kwenye Mahakama ya Rufani tu. Tena namwandikia mtu mwenye ndugu mwenye kesi. Wakili akisoma ataona nimeruka mengi, na kweli nimeyaruka.

Anza na kichwa cha karatasi

Karatasi yoyote ya mahakama, iwe hati ya mashtaka, wito au hukumu, ina mambo matatu juu: jina la mahakama, aina ya shauri, na namba pamoja na mwaka. Mfano: Mahakama ya Wilaya fulani, Kesi ya Jinai Na. 41 ya 2024. Piga picha sehemu hiyo na uitunze. Siku hizi mashauri yanasajiliwa kwenye mfumo wa kompyuta, lakini iwe kompyuta au kabati la mbao, masjala wanatafuta kwa namba. Ukienda na jina peke yake, karani atakuuliza, "Juma yupi?" na hatakuwa anakudharau.

Kama kesi imeshapanda, chini ya namba utakuta mabano yenye maneno "inatokana na", kisha jina la mahakama ya chini na namba ya huko. Huo ndio ukoo wa kesi. Usome mpaka mwisho, maana mahali kesi ilipozaliwa ndipo panapoamua itapanda kwa njia gani, kwa siku ngapi, na itaishia wapi. Kesi mbili za wizi zinaweza kufanana kama mapacha, moja ikawa na njia nyembamba kuliko nyingine kwa sababu tu ilifunguliwa Mahakama ya Mwanzo.

Mwanzo, Wilaya na Hakimu Mkazi

Mahakama ya Mwanzo husikiliza makosa ya kila siku: wizi mdogo, shambulio, matusi, kuharibu mali ya mtu. Kwa kawaida kifungo chake hakizidi miezi 12. Hapo kwa kawaida hutamkuta wakili wa Serikali. Mlalamikaji mwenyewe ndiye anayeleta mashahidi wake na kusimama kueleza. Enzi zangu hakimu aliketi na wazee wa baraza wasiopungua wawili, na kura zao zilihesabika sawa na yake. Nimeshuhudia hakimu akishindwa kura na wazee wawili na kuandika hukumu asiyoipenda. Mwandiko wake siku hiyo ulikuwa mgumu kusomeka.

Juu ya Mwanzo kuna Mahakama ya Wilaya na Mahakama ya Hakimu Mkazi, na hapa ndipo watu wengi wanapotea. Wanadhani Hakimu Mkazi yuko juu ya Wilaya, kwa hiyo aliyeshindwa Wilayani akimbilie kwa Hakimu Mkazi. Hapana. Kwa kesi za jinai hizi mbili ziko ngazi moja. Tofauti yao kubwa ni eneo: moja ya wilaya, nyingine kwa kawaida ya mkoa. Ile ya Kisutu mnayoisikia kwenye taarifa ya habari ni Mahakama ya Hakimu Mkazi. Rufaa kutoka zote mbili inakwenda Mahakama Kuu. Ila rufaa kutoka Mwanzo inakwenda Wilayani peke yake, hata kama jengo la Hakimu Mkazi liko mita hamsini kutoka hapo.

Kuhusu adhabu, msikariri kwamba mahakimu hawa mwisho wao ni miaka mitano. Ndiyo kanuni ya jumla kwa makosa ya kawaida, lakini yapo makosa ambayo sheria yenyewe imeyawekea adhabu nzito na bado yanasikilizwa na hakimu. Unyang'anyi wa kutumia silaha unaanzia miaka 30. Kumbaka mtoto aliye chini ya miaka 10 ni kifungo cha maisha. Kwa hiyo msishangae mtu wa Mahakama ya Wilaya kupewa maisha, na msiseme hakimu kavuka mipaka kabla hamjasoma kifungu alichotumia.

Na kama mshtakiwa hajafikisha miaka 18, uliza mapema kuhusu Mahakama ya Watoto. Husikiliza faragha, na watu wasiohusika hawaingii. Cheti cha kuzaliwa kipelekwe siku ya kwanza. Umri ukiibuliwa wakati wa rufaa unakuwa kazi kubwa kuuthibitisha.

Kesi inayotajwa mahali isikosikilizwa

Kesi za mauaji ndizo zinazowachosha ndugu kuliko zote, na si kwa uzito wake tu. Mshtakiwa anafikishwa mbele ya hakimu, anasomewa shtaka, halafu magazeti yanaandika ile sentensi tunayoijua sote: hakutakiwa kujibu chochote kwa kuwa mahakama hiyo haina mamlaka ya kusikiliza kesi hiyo. Baada ya hapo ni kutajwa. Kila wiki mbili hivi mnasafiri, mnakaa kwenye benchi, wakili wa Serikali anasimama na kusema upelelezi haujakamilika, hakimu anapanga tarehe nyingine, mnarudi nyumbani. Mnamnunia hakimu. Lakini hakimu huyo hana mamlaka ya kumsikiliza ndugu yenu wala kumwachia kwa dhamana. Jalada liko kwake kwa kupita tu.

Kosa la mauaji ya kukusudia husikilizwa na Mahakama Kuu, na uhaini vilevile. Hatua zinakwenda hivi. Upelelezi ukikamilika, Mkurugenzi wa Mashtaka anapeleka mashtaka rasmi Mahakama Kuu. Jalada linarudi kwa yule hakimu kwa siku moja muhimu: mshtakiwa anasomewa maelezo ya mashahidi na kuonyeshwa vielelezo vitakavyotumika dhidi yake, kisha anakabidhiwa rasmi Mahakama Kuu. Siku hiyo msikose. Ndiyo mara ya kwanza familia inasikia ushahidi wenyewe badala ya maneno ya mtaani, na mshtakiwa ana haki ya kutaja mashahidi wake palepale. Nimeona watu wakiikosa kwa kudhani ni kutajwa kama kawaida.

Kisha wanangoja kikao. Mahakama Kuu husikiliza kesi hizi kwa vikao, na jaji anaweza kusafiri hadi wilaya nyingine kuendesha kikao huko. Kama mshtakiwa hana uwezo wa kumlipa wakili, mahakama inampangia wa utetezi anayelipwa na Serikali. Familia isiuze shamba kwa hofu kwamba atasimama peke yake. Zamani jaji aliketi na wazee wa baraza katika kesi za mauaji na kila mzee alitoa maoni yake kwa sauti kabla ya hukumu, ingawa maoni hayo hayakumfunga jaji. Tangu marekebisho ya sheria ya 2022 wazee hawa si lazima tena.

Kuna mlango mwingine ambao huwachanganya hata watu wa mahakamani. Hakimu Mkazi anaweza kupewa mamlaka ya nyongeza, akasikiliza kesi ambayo kwa kawaida ni ya Mahakama Kuu. Anayeketi pale ni hakimu, lakini kwa kesi hiyo anavaa mamlaka ya Mahakama Kuu. Matokeo yake ni kwamba rufaa dhidi yake haiendi Mahakama Kuu, inakwenda moja kwa moja Mahakama ya Rufani. Angalia saini mwisho wa hukumu: chini ya jina lake pataandikwa cheo chake na maneno ya mamlaka hayo. Usipoyaona ukapeleka rufaa Mahakama Kuu, itatupwa.

Kesi za uhujumu uchumi nazo zina njia yake. Tangu 2016 Mahakama Kuu ina Divisheni ya Makosa ya Rushwa na Uhujumu Uchumi, ambayo mitaani iliitwa "mahakama ya mafisadi" kabla haijafunguliwa hata milango. Ni divisheni ya Mahakama Kuu, ina majaji walewale wa Mahakama Kuu. Ukisikia kesi ya uhujumu inasikilizwa na hakimu wa kawaida, ujue Mkurugenzi wa Mashtaka ametoa hati ya kuruhusu hivyo. Bila hati hiyo mwenendo wote wa kesi ni batili, na kesi zimewahi kuanguka kwenye rufaa kwa sababu hiyo. Kwa hiyo uliza: hati ipo kwenye jalada? Imesainiwa na nani, lini?

Nimemtaja Mkurugenzi wa Mashtaka mara kadhaa. Yeye hayuko chini ya Jaji Mkuu wala si mtumishi wa Mahakama. Yupo kwa mujibu wa Katiba na anaongoza Ofisi ya Taifa ya Mashtaka. Anaweza kuiondoa kesi kabla ya hukumu kwa kusema hana nia ya kuendelea nayo, na hakimu hana la kufanya. Msishangilie sana siku hiyo. Kuondolewa kwa namna hiyo hakuzuii mtu kushtakiwa tena kwa jambo lilelile.

Kuhusu dhamana nitasema kidogo, maana ni somo zima. Mauaji, uhaini, unyang'anyi wa silaha, utakatishaji fedha na mengine kadhaa hayana dhamana kwa mujibu wa sheria yenyewe. Mwaka 2020 Mahakama Kuu ilisema kifungu hicho kinakiuka Katiba, na mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikatengua ikasema kiko sawa. Kwa hiyo anayewaomba hela ili "azungumze na hakimu" kuhusu dhamana ya kesi ya mauaji anawaibia.

Majaji wakubwa, na kila mmoja ana kazi gani

Sasa nije kwa wakubwa ambao kila mtu anataka kuwaona. Kila mkubwa mahakamani ana kofia mbili, ya kuamua kesi na ya kuongoza ofisi, na anapovaa moja ile nyingine iko mezani. Ukilishika hilo, utaacha kupoteza nauli.

Chini kabisa, kila mahakama ina hakimu mfawidhi. Ndiye anayepanga kesi ziende kwa nani, anasimamia masjala, anaulizwa kwa nini jalada halionekani. Hana mamlaka ya kubadili hukumu ya hakimu mwenzake aliyekaa chumba cha pili.

Mahakama Kuu imegawanywa katika masjala za mikoani, ambazo sisi wa zamani bado tunaziita kanda: Mwanza, Arusha, Mbeya, Tabora, Iringa, Songea, Mtwara na nyinginezo. Kila moja ina Jaji Mfawidhi. Huyu ni mkubwa kweli kwa mambo ya eneo lake: hukagua mahakama za chini, huita majalada, hutembelea magereza na kuwauliza mahabusu mmoja mmoja wana muda gani ndani. Mahakama Kuu ina uwezo wa kuita jalada la mahakama ya chini na kusahihisha kosa la wazi bila kungoja rufaa. Barua fupi yenye namba ya kesi na kosa lenyewe limeelezwa kwa sentensi mbili inaweza kumfanya jaji aliite jalada. Barua ya kurasa sita inayoanza na historia ya ugomvi wa shamba haisomwi mpaka mwisho. Nasema kama mtu aliyekuwa akizifungua.

Juu ya majaji wote wa Mahakama Kuu yupo Jaji Kiongozi. Katiba inataka awepo yeye na majaji wengine wasiopungua 30. Anamsaidia Jaji Mkuu kuiongoza Mahakama Kuu, na kwenye hukumu zake utaona herufi JK baada ya jina. Jaji wa kawaida wa Mahakama Kuu ni J, wa Rufani ni JA. Lakini Jaji Kiongozi si ngazi ya rufaa. Hukumu ya jaji wa Songea haipelekwi kwake ikaguliwe; akikaa kusikiliza kesi anakaa kama jaji wa Mahakama Kuu, na uamuzi wake unakatiwa rufaa palepale unapokatiwa wa mwenzake wa Songea.

Jaji Mkuu ni mkuu wa Mahakama yote na kiongozi wa Mahakama ya Rufani. Francis Nyalali alikikalia kiti hicho kuanzia 1977 hadi 2000, muda mrefu kuliko wote waliomfuata. Wakafuata Barnabas Samatta, Augustino Ramadhani, Mohamed Chande Othman, Ibrahim Hamis Juma, na mwaka 2025 George Masaju. Mahakama ya Rufani yenyewe iliundwa 1979, baada ya Jumuiya ya Afrika Mashariki kuvunjika mwaka 1977 na kuondoka na mahakama yake ya rufaa. Kabla ya hapo kesi ya mtu wa Tabora iliishia kwenye mahakama ya nchi tatu.

Rufaa pale husikilizwa na majaji wasiopungua watatu. Jambo zito, hasa majaji wa nyuma wakiwa wamepingana, linaweza kuitiwa jopo kubwa la watano au zaidi. Maombi madogo kama ya kuongezewa muda anaweza kuyaamua jaji mmoja. Jaji Mkuu akiwa kwenye jopo, ana kura moja kati ya tatu. Hii ndiyo sababu barua ya kumwomba "afute hukumu" haina mahali pa kwenda. Hawezi, hata akikuonea huruma. Katiba inasema mahakama zote zitakuwa huru na zitazingatia Katiba na sheria tu, na uhuru huo unamlinda hakimu wa Mwanzo hata dhidi ya Jaji Mkuu, nje ya njia ya rufaa.

Majaji huteuliwa na Rais. Kwa wale wa Mahakama Kuu, baada ya kushauriana na Tume ya Utumishi wa Mahakama. Wa Mahakama Kuu hustaafu wakiwa na miaka 60, wa Rufani 65, isipokuwa wakiongezewa muda. Jaji hafukuzwi kwa barua. Lazima iundwe tume ya watu wasiopungua watatu imchunguze kwanza. Mahakimu wao huteuliwa na Tume yenyewe. Na usimchanganye jaji na msajili. Msajili ndiye mwenye masjala, vikao na nyaraka, na kwa mambo mengi yanayowasumbua ndugu, kama nakala isiyotoka, msajili au naibu wake ni mtu wa kumwona kuliko jaji yeyote.

Siku ndizo zinazoua rufaa

Mama mmoja alikuja dirishani kwangu na bahasha ya kaki, nzuri, imepigwa chapa. Mwanawe alikuwa amefungwa miezi tisa na Mahakama ya Mwanzo kwa wizi wa baiskeli. Ndani ya bahasha: barua kwa Jaji Mkuu, nakala kwa Waziri wa Katiba na Sheria, nakala kwa Mkuu wa Mkoa, nakala kwa Mkuu wa Wilaya. Alikuwa amezipeleka zote kwa mkono na kugongewa mihuri ya kupokelewa. Alijibiwa pia, kwa heshima: afuate utaratibu wa rufaa. Jibu lilimfikia siku 30 za kukata rufaa zikiwa zimeshapita. Ilibidi aanze kuomba kuongezewa muda, kwa kiapo, akieleza kila siku ya kuchelewa ilitumikaje, na maombi hayo yanahitaji sababu ya msingi. "Nilikuwa namwandikia Jaji Mkuu" haikubaliki kirahisi kama sababu. Kijana alimaliza kifungo kabla rufaa haijapangiwa tarehe.

Kwa hiyo andikeni siku hizi ukutani.

Kesi iliyozaliwa Mwanzo: siku 30 kwenda Mahakama ya Wilaya. Ukishindwa hapo, siku 30 kwenda Mahakama Kuu. Ukishindwa na hapo, kufika Rufani ni kwa tundu la sindano: lazima Mahakama Kuu yenyewe ithibitishe kwamba kuna hoja ya kisheria inayostahili kuamuliwa na Mahakama ya Rufani. Ubishi wa nani alisema kweli kuhusu baiskeli haupiti hapo.

Kesi iliyozaliwa Wilayani au kwa Hakimu Mkazi: kuna vitu viwili, na watu husahau cha kwanza. Ndani ya siku 10 toa kusudio la kukata rufaa. Kisha ndani ya siku 45 tangu uamuzi, wasilisha rufaa yenyewe yenye sababu. Muda unaotumika kungoja nakala ya mwenendo na hukumu haumo kwenye hizo 45, lakini utauthibitishaje? Kwa barua ya kuomba nakala yenye muhuri wa kupokelewa, na kwa tarehe iliyoandikwa siku ulipokabidhiwa. Omba nakala siku ya hukumu au kesho yake, kwa maandishi, ubaki na kopi yenye muhuri.

Kutoka Mahakama Kuu kwenda Rufani, ikiwa kesi haikuzaliwa Mwanzo: notisi ya rufaa ndani ya siku 30.

Aliyefungwa hana haja ya kungoja ndugu wampelekee. Anaweza kutoa kusudio na rufaa kupitia kwa mkuu wa gereza alimo. Anaweka dole gumba au saini, na gereza linapeleka. Mwambieni hivyo siku ileile anapopakiwa kwenye karandinga, maana wiki ya kwanza gerezani mtu hafikirii siku 10. Na kama alikiri kosa mwenyewe mahakamani, kwa kawaida rufaa yake inabaki kwenye adhabu tu, ukubwa wake au uhalali wake.

Upande wa pili nao una rufaa. Ndugu yenu akiachiwa huru, Mkurugenzi wa Mashtaka anaweza kupinga. Kwake notisi ni siku 30. Ngoma hailali siku ya kuachiwa.

Tahadhari ya namba za vifungu: sheria zetu zimechapishwa upya katika Toleo la 2023, lililoanza kutumika Julai 2025, na vifungu vingi vya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai vimebadilika namba. Hukumu ya 2019 itataja kifungu kimoja, kitabu kipya kitasema kingine kabisa. Ndiyo maana sijaweka namba hapa. Kiswahili kimekuwa lugha ya mahakama zote tangu 2021, ingawa hukumu nyingi za Rufani bado utazikuta kwa Kiingereza.

Hukumu mbaya na hakimu mbaya ni mambo mawili

Kama tatizo ni uamuzi, dawa ni rufaa, hata kama uamuzi ni wa ovyo kiasi gani. Kama tatizo ni mwenendo wa mtu, hakimu aliomba pesa, alikuja amelewa, alitukana mashahidi, hapo ndipo malalamiko ya kiutawala yana kazi. Pa kuanzia ni kwa hakimu mfawidhi au Jaji Mfawidhi. Zipo pia Kamati za Maadili ya Mahakimu za wilaya na mkoa, zinazoongozwa na Mkuu wa Wilaya na Mkuu wa Mkoa. Wengi huzisikia vibaya, wakaenda kwa Mkuu wa Wilaya kumwomba atengue hukumu. Hana uwezo huo na akijaribu ataharibu. Anaweza kupokea lalamiko la maadili, na hakimu ataitwa ajieleze. Kama ni rushwa, TAKUKURU wapo, na mwende kwao kabla hela haijatolewa.

Njia hizi mbili hazisubiriani. Lalamiko halisimamishi siku za rufaa hata dakika moja. Fanyeni yote mawili, kila moja kwa karatasi yake.

Njia inapoishia

Baada ya Mahakama ya Rufani kuamua, hakuna ngazi juu yake. Kuna mapitio: kuwaomba waliangalie tena neno lao, ndani ya siku 60, kwa sababu chache sana kama vile kosa la dhahiri kwenye kumbukumbu au mtu kunyimwa nafasi ya kusikilizwa. Wanaoomba ni wengi, wanaopata ni wachache, na Rufani imesema mara nyingi kwamba mapitio si rufaa ya pili.

Mtakutana na wanaowaambia mwende Arusha, kwenye Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu. Zamani mfungwa wa Tanzania aliweza kufungua shauri huko mwenyewe, na wengi walifungua. Mwaka 2019 Serikali iliondoa tamko lililoruhusu hilo, na tangu Novemba 2020 mlango wa mtu binafsi umefungwa. Anayechangisha pesa leo za kupeleka shauri jipya huko mwulizeni kwanza ataingilia wapi.

Kwa aliyehukumiwa kunyongwa, adhabu pekee ya mauaji ya kukusudia kwa mtu mzima asiye mjamzito, jalada halilali hata likitoka Rufani. Linapelekwa kwa Rais, ambaye kwa Katiba anaweza kusamehe au kupunguza adhabu kuwa kifungo, na hukumu za namna hiyo hazijatekelezwa tangu miaka ya 1990. Ndugu wanaweza kuandika barua ya kuomba huruma kupitia gereza. Hapo barua ya kwenda juu ina mahali pa kutua. Iwe fupi, na namba ya rufaa iandikwe mstari wa kwanza.

Hukumu za Mahakama Kuu na Rufani zinapatikana bure kwenye tovuti ya TanzLII, na kijana yeyote mwenye simu anaweza kuwatafutia kwa namba na mwaka. Mkiipata, ichapisheni yote. Ukurasa wa mwisho, wenye saini na tarehe, ndio karani atakaouangalia kwanza.